Mrushaji Kitunguu na Nuksi ya Baba Yake

Eudoro Mogollón alirusha mpira wa besiboli kwa mshahara miaka ishirini na miwili, na katika miaka yote hiyo baba yake mzazi alikwenda uwanjani kumtazama mara mbili tu. Si kwamba mzee hakumpenda. Alimpenda mno, na hapo ndipo shida ilipoanzia.

Mzee Evaristo alikuwa mkulima wa vitunguu nje kidogo ya Quíbor, katika lile bonde la Lara ambako upepo hauchoki na mvua hunyesha inapojisikia. Alikuwa na mbuzi thelathini hivi, kisima kimoja, mke aliyeitwa Cleotilde, na watoto watano. Eudoro alikuwa wa nne. Mpira wa kweli hawakuwa nao, kwa hiyo walicheza kwa vizibo vya soda: mmoja anarusha kizibo, mwenzake anakipiga kwa mpini wa ufagio. Kizibo ni kitu chepesi chenye kiburi, kinapinda kinakotaka chenyewe. Lakini Eudoro, kwa namna ambayo hata yeye hakuweza kuieleza, alikuwa anakiamuru kipinde wapi, nacho kinatii. Alipofika miaka kumi na mitatu ndugu zake wakagoma kucheza naye.

"Mama, mwambie huyu arushe kama watu," kaka yake Nerio alikuja kulalamika jikoni.

"Anarusha vibaya?"

"Anarusha vizuri mno! Tangu asubuhi sijagusa hata kimoja."

Mwalimu Sequera, aliyekuwa akifundisha timu ya mtaa, ndiye aliyempa mpira wa ngozi na kumsimamisha juu ya kile kichuguu cha udongo ambapo mrushaji husimama peke yake, watu wote wakimkodolea macho. Miaka minne baadaye akaja msaka vipaji kutoka timu moja ya nchi tajiri ya kaskazini, mtu mwenye viatu visafi, akaketi kwenye meza ya Cleotilde na karatasi zake. Mzee Evaristo alizisoma mara tatu, ingawa alichoelewa kilikuwa jina la mwanawe tu.

"Huko wanakula nini?" akauliza hatimaye.

"Kila kitu, mzee."

"Kila kitu si chakula," mzee akasema. Lakini akatia sahihi, akatoka nje, akakaa kisimani hadi jua likazama.

Kambini, siku ya kwanza kabisa, mdakaji aliyepangwa kupokea mipira ya Eudoro aliinusa glavu yake akakunja uso. "Wewe bwana, mkono wako unanuka shamba zima la vitunguu." Kuanzia siku hiyo hakuna mchezaji aliyemwita Eudoro tena. Akawa Kitunguu, na jina likamfaa, kwa sababu katika miaka yake mizuri alikuwa na mpira mmoja wa kupinda uliowatoa wapigaji machozi ya hasira.

Alikuwa na miaka ishirini aliporudi kutoka ligi za chini za kaskazini kuchezea timu ya nyumbani katika ligi ya miezi ya mwisho wa mwaka, ile ambayo nchi nzima husimama kuifuata. Jumapili moja ya Novemba familia yote ikapanda lori la jirani kwenda Barquisimeto kumtazama. Cleotilde alibeba nyama ya mbuzi na arepa, mikate ya mahindi, za kutosha kikosi. Mzee Evaristo alivaa shati lake jeupe la harusi na ubatizo.

Kitunguu aliitwa uwanjani katika duru ya saba, timu yake ikiongoza kwa pointi tatu. Kazi yake ilikuwa rahisi kuisema: watoe watu watatu, rudi ukakae. Wa kwanza alimrushia mipira minne ya nje, na kwa sheria jamaa akatembea bure hadi bezi ya kwanza. Wa pili akapiga, naye akafika. Wa tatu akafika. Wa nne akaupiga mpira ukapaa, ukapaa, ukaangukia nje ya uzio kwenye maegesho ya magari, na wote wanne wakazunguka bezi zote hadi walipoanzia, pointi nne kwa mpigo, wakipigana makofi. Kocha akaja kumnyang'anya mpira. Hakuwa amemtoa hata mtu mmoja.

"Kitunguu kimeoza!" mtu mmoja jukwaani akapaza sauti. "Kirudisheni shambani!"

Na mwingine, aliyekuwa amekaa nyuma kabisa ya Mzee Evaristo, akasema kwa uchungu wa kweli, "Jamani, leo nani katuletea nuksi humu?"

Basi neno hilo likamwingia mzee kama mwiba. Kwa muda mrefu wenzake walikuwa wakimtania kwamba ana nuksi. Lori la kwanza alilopakia vitunguu vyake lilipinduka. Jogoo wa kupigana wa rafiki yake alikufa siku ileile Evaristo alipomsifia. Yalikuwa maneno ya vijiweni, ya kuchekea kwenye pombe ya kokui jioni. Lakini katika nchi ile, nuksi na besiboli havichekewi pamoja. Kuna wachezaji wasiobadilisha soksi wiki tatu kwa sababu wanashinda, na kuna mashangazi wanaofukuzwa sebuleni kwa sababu walipokaa tu timu ikafungwa.

Eudoro alipotoka, nywele bado mbichi kwa maji ya kuoga, alimkuta baba yake amesimama kando ya lori, kofia mikononi.

"Baraka, baba."

"Mungu akubariki." Mzee hakuinua macho. "Ni mimi."

"Ni wewe umefanya nini?"

"Nimekutazama. Ulipopanda tu pale juu nikakukazia macho, na kila nilipokukazia macho, unapigwa."

"Baba, nimepigwa kwa sababu mipira yangu ilikuwa mibovu."

"Mipira yako haijawahi kuwa mibovu," mzee akasema, na kwa upande wake mjadala ukawa umefungwa.

Hakurudi tena uwanjani. Alijiwekea sheria yake mwenyewe, akaishika kama watu wanavyoshika Kwaresima. Sikio halina nuksi, alisema, jicho ndilo lenye nuksi. Kwa hiyo redio ilikuwa halali. Msimu mzima alitembea nayo shambani, imening'inia shingoni kwa kamba, akipalilia huku mtangazaji akipiga kelele kifuani mwake. Mambo yakiwa mazuri alisimama katikati ya matuta, jembe mkononi, akitabasamu peke yake. Mambo yakiharibika, bezi zikijaa wapinzani, alikuwa anaizima hata hiyo redio, asije akaharibu zaidi, kisha anakwenda kukaa na mbuzi mpaka Cleotilde amwite.

"Evaristoo! Ametoka salama!"

"Wote watatu?"

"Wote watatu! Njoo ule!"

Eudoro alizijua habari hizi kwa simu ya kila Jumatatu, na mwanzoni zilimchekesha. Baadaye zikaanza kumuuma kidogo. Kule kaskazini alikuwa akisafiri kwa basi kwa muda wa saa kumi na mbili kutoka mji mmoja mdogo hadi mwingine, akila mikate baridi, akijifunza lugha ya watu kwenye vyumba vya mashine za kufulia za sarafu, na wenzake wote walikuwa na baba fulani jukwaani aliyesimama na kupunga mkono. Yeye alikuwa na baba aliyekaa zizini.

Alikaa katika ligi za chini miaka kumi. Wengi alioanza nao walirudi kwao kuendesha teksi. Kisha Agosti moja, akiwa na miaka ishirini na saba, meneja akamwita ofisini na kumwambia afungashe, anatakiwa Ligi Kuu kesho yake. Eudoro alitoka, akakaa kwenye ngazi, akapiga simu nyumbani.

"Mama, nimepandishwa."

Cleotilde alipiga ukelele ambao, kwa maelezo yake mwenyewe, uliangusha kuku mmoja kutoka kwenye kiota. Kisha Eudoro akasikia simu inapitishwa mkono hadi mkono, na pumzi za baba yake.

"Baba?"

"Niko hapa."

"Mechi itaonyeshwa kwenye televisheni. Utatazama?"

"Mwanangu," akasema, "nakupenda kuliko hivyo."

Jioni ya mechi yake ya kwanza sebule ya Mogollón ilijaa majirani hadi mlangoni. Walileta viti vyao, walileta jibini ya mbuzi na mikate ya asemita ya moto, Mwalimu Sequera akapewa kiti cha mbele. Mzee Evaristo alikaa nyuma ya nyumba, ameupa ukuta mgongo, mbuzi wakimtafuna upindo wa shati. Kitunguu akaingia katika duru ya sita, akawatoa watatu kwa mipira kumi na mmoja. Nyumba nzima ikalipuka.

"Kwisha?" mzee akauliza kutoka kule nyuma, kwa sauti ndogo.

"Kwisha, baba!" Nerio akamjibu, machozi yakimtiririka. "Kawamaliza! Njoo uone wanamrudia!"

"Marudio ni yaleyale," mzee akasema, na hakuja.

Alikaa Ligi Kuu siku kumi na tisa. Alitumika mara nne. Mara ya nne, mbele ya watu elfu thelathini, alirusha mpira wa kupinda kwa mtu wa pili, na kitu ndani ya kiwiko chake cha kulia kikalia kama kijiti kikavu kinavyovunjwa. Alikishika kiwiko na kuinama. Alijua kabla daktari hajafika.

Walimpasua, wakachukua kano kutoka mkono wa kushoto wakaihamishia wa kulia, wakamwambia asubiri mwaka. Alisubiri. Alipoanza tena kurusha, mpira ulikwenda, ila ule moto wa zamani haukuwepo, na kaskazini walimshukuru kwa barua nzuri yenye nembo. Akarudi kwao Quíbor na sanduku moja na kovu lenye umbo la mwezi.

Hapo mtu angedhani habari zake zimekwisha, lakini ndiyo kwanza zilikuwa nusu. Muuguzi mmoja wa pale Quíbor, Noraida, alichukua jukumu la kuunyoosha ule mkono. Kila asubuhi alimkalisha uani kwake, akiukunja na kuukunjua, huku akimgombeza.

"Inauma?"

"Hapana."

"Wanaume wa ukoo wenu ni waongo sana. Inauma?"

"Inauma."

"Haya, sasa tunaweza kuanza."

Eudoro alimuoa kabla mkono haujapona sawasawa. Na mkono ulipopona, timu ya nyumbani ikamchukua tena, si kwa kasi yake bali kwa ujanja wake. Alijifunza kurusha polepole. Alijifunza kumtazama mpigaji miguu na kujua anataka nini, kisha kumnyima hichohicho. Misimu kumi na mmoja akawa yule mrushaji anayeitwa mambo yakiwa yameungua, aje azime. Alizeeka mbele ya macho ya watu. Waliokuwa wakimzomea wakaanza kuwaleta watoto wao wamsalimie. Naye baba yake akaendelea kumsikiliza redioni katikati ya matuta, na kuizima bezi zilipojaa.

Cleotilde alifariki Februari moja, kwa moyo, akiwa anachambua maharage. Mazishini Eudoro alimwona baba yake anatafuta kitu cha kufanya na mikono yake, akikosa. Miaka iliyofuata ndiyo ile ambayo watu walikuwa wanaondoka nchini makundi kwa makundi. Nerio akaenda Chile. Dada wawili wakavuka kwenda Kolombia, mdogo wao wa mwisho akawafuata. Akabaki Eudoro na Noraida, na mzee, na mbuzi kumi na mmoja. Kila asubuhi Eudoro alipita kumwomba baraka baba yake kabla ya mazoezi, na walikuwa wakinywa kahawa wamesimama, bila maneno mengi.

Alipotimiza miaka thelathini na tisa bega nalo likaanza kugoma. Asubuhi moja ya Desemba alimkuta mzee uani anachambua vitunguu vya kuuza, vizima huku, vilivyopondeka kule. Akavuta kigoda, akaanza kumsaidia.

"Baba, Jumapili ijayo ni mechi yangu ya mwisho."

Mikono ya mzee ikasimama. "Ya mwisho ya msimu."

"Ya mwisho kabisa. Nimechoka, baba. Nataka uje."

"Unajua siwezi."

"Mimi ni mtu mzima karibu miaka arobaini. Hata nikipigwa kutakuwa na hasara gani? Hakuna cha kuharibika tena."

Mzee alichukua kitunguu kimoja, akakigeuzageuza, akakirudisha kwenye rundo lisilokuwa lake.

"Nilichungulia," mzee akasema.

"Ulichungulia nini?"

"Ile siku ya kiwiko." Alikuwa anaongea na vitunguu. "Mara tatu za kwanza nilikaa kwa mbuzi, sikugeuka. Mara ya nne nikasikia mama yako anacheka mle ndani. Nikajiambia, Evaristo, mwanao yuko kule mbali, amevaa nguo za Ligi Kuu, utakufa hujamwona hata mara moja? Nikaenda dirishani. Ulikuwa umeupa uwanja mgongo, unajifuta jasho. Jina letu lilikuwa limeandikwa mgongoni. Mogollón, kwa herufi kubwa. Nikalisoma mpaka mwisho. Ukageuka, ukarusha, ukashika kiwiko." Akaokota kitunguu kingine. "Sikumwambia mtu. Hata mama yako amekwenda hajui. Mimi ndiye niliyekuvunja mkono, Eudoro."

Upepo ulikuwa unapeperusha maganda mekundu uani, naye Eudoro akayatazama yanavyojikusanya kwenye kona ya ukuta. Miaka kumi na miwili mzee alikuwa amebeba hilo. Alikuwa amekunywa naye kahawa kila asubuhi akiwa nalo kifuani.

"Baba," akasema, "ule mkono ulikuwa unauma tangu Mei."

Mzee akainua kichwa.

"Mei, Juni, Julai. Nilikuwa nameza vidonge kabla ya kila mechi, naficha chupa ndani ya soksi. Sikumwambia kocha, sikumwambia daktari, wala mama. Niliogopa wakijua hawatanipandisha. Waliponipasua daktari alisema kano ilikuwa imechanika nusu tangu siku nyingi, hata ningekuwa naokota kijiko tu ingekatika. Nilijivunja mwenyewe, baba. Nilikuwa nalijua hilo tangu siku ileile."

"Na hukusema?"

"Na wewe ulisema?"

Walitazamana. Mzee akahesabu kwa vidole. "Kwa hiyo miaka kumi na miwili..."

"Umekaa na mbuzi bure."

"Na wenyewe hawana shukrani hata kidogo," mzee akasema. Kisha kicheko kikamtoka, kile cha kukohoa, kikageuka kilio katikati bila yeye kutaka, na Eudoro akasogeza kigoda chake karibu, akamweka baba yake mkono begani, ule ule wa kulia. Walikaa hivyo mpaka Noraida alipokuja kuwaita, akawaona, akarudi alikotoka.

Jumapili ile mzee alikubali kwenda, ila kwa masharti. Mambo yakiharibika, anatoka. Petroli ilikuwa adimu, na uwanja mchana ule haukujaa hata robo. Noraida alimkalisha karibu na uzio, upande wa bezi ya kwanza, na mambo ya jukwaani yeye ndiye aliyeyasimulia baadaye, tena mara nyingi, akiigiza sauti zote.

Duru ya nane, timu zikiwa sare nne kwa nne, kocha akamwita Kitunguu. Watu wachache waliokuwepo wakasimama wakampigia makofi tangu mlangoni hadi juu ya kichuguu. Mzee Evaristo alikuwa amejiinamia, anatazama viatu vyake.

"Baba mkwe, tazama," Noraida akamwambia. "Ndicho kilichokuleta."

Mzee akatazama. Mpira wa kwanza ukapita, mpigaji akaukosa. Mpira wa pili ukapigwa kwa mlio ambao kila mtu uwanjani aliuelewa kabla hajauona unakokwenda. Ukaruka juu ya uzio. Tano kwa nne.

Mzee alikuwa ameshasimama, kofia kichwani, anatafuta njia ya kupita kati ya magoti ya watu.

"We mzee, kaa chini!" Mama mmoja mnene aliyekuwa nyuma yao alimshika mkanda wa suruali. "Nimekuja kuona mpira, sikuja kuona mgongo wako."

"Niache, mama. Mimi nina nuksi."

"Nuksi? Timu hii imefungwa mechi tisa mfululizo. Ulikuwepo?"

"Hapana."

"Hata moja?"

"Hata moja."

"Basi kaa chini, baba. Huna ukubwa huo."

Kule juu ya kichuguu mdakaji wake, kijana aitwaye Arquímedes Lugo, alikuwa amemfuata Kitunguu kumtuliza. Akamkuta haangalii mpira wala bezi, anaangalia jukwaani.

"Yule mzee anayegombana na yule mama ni nani?"

"Baba yangu."

"Anakwenda wapi?"

"Anadhani ameniletea nuksi."

"Mwambie nuksi ni huo mpira uliorusha," Arquímedes akasema. "Hata bibi yangu angeupiga."

Kitunguu akacheka mpaka akaweka glavu usoni. Kisha akaiinua ile glavu juu, akielekea jukwaani, akaishusha taratibu, mara mbili, kama mtu anayemwambia mwenzake: kaa. Kaa hapo. Upande mzima wa bezi ya kwanza ukageuka kumtazama mzee. Mzee Evaristo alisimama kitambo kidogo, mkono wa yule mama bado umeng'ang'ania mkanda wake, kisha akaketi. Akavua kofia.

Yule aliyefuata alikosa mara tatu. Wa baada yake akapiga mpira hafifu wa kubingirika ardhini, Kitunguu akauokota mwenyewe na kumtoa. Wa mwisho alikuwa kijana mwenye mabega kama mlango, na Kitunguu alimrushia mpira wa polepole kuliko yote aliyowahi kurusha, mpira uliofika umechoka, kijana akazungusha gongo mapema mno, akajizungusha naye mwenyewe, akaanguka kwa makalio. Uwanja ukacheka kwa sauti moja. Mzee alikuwa amesimama tena, na safari hii hakuna aliyemwambia akae.

Walifungwa vivyo hivyo, tano kwa nne. Eudoro alitoka akamkuta baba yake ameshika nyavu za uzio kwa vidole vyote kumi.

"Baraka, baba."

"Mungu akubariki. Umepigwa."

"Nimepigwa."

"Nimekuona. Kisha ukawatoa watatu."

"Ukiwa unatazama."

"Nikiwa natazama," mzee akarudia polepole, kama anayeonja chakula asichokizoea. Akafikiri kidogo. "Kesho mnacheza na nani?"

"Kesho hakuna, baba. Imekwisha."

"Ndiyo kwanza nimeanza!" mzee akasema, na Noraida akageuza uso kando. Njiani kurudi walisimama kula mbuzi wa kuchoma, na mzee aliwasimulia mechi nzima toka mwanzo, kana kwamba wao hawakuwepo.

Mwaka uliofuata Mwalimu Sequera, ambaye magoti yalikuwa yamemshinda, alimkabidhi Eudoro ile timu ya mtaa. Jumamosi ya kwanza mzee alikuja na kiti chake cha plastiki, akakiweka nyuma ya uzio, akatazama kimya kwa adabu. Jumamosi ya tatu akaanza kuguna. Ilipofika Pasaka alikuwa anawafahamu wachezaji wote kwa majina ya utani aliyowapa mwenyewe, na anampigia mwamuzi kelele tangu mpira wa kwanza. Alikuwa na miaka themanini na moja, na alikuwa amekusanya maneno ya miaka ishirini.

Siku moja mwamuzi, mtu mpole anayefanya kazi posta, alisimamisha mchezo, akavua kinyago chake, akamwita Eudoro.

"Kocha, samahani sana. Ni mzee wako. Ameniita kipofu nikavumilia. Ameniita popo nikavumilia. Sasa matusi yamefika kwa mama yangu. Lazima atoke."

Eudoro akaenda hadi uzio.

"Baba, umefukuzwa."

"Ule mpira ulikuwa nje!"

"Ulikuwa ndani, baba."

"Hata wewe?" Mzee alimtazama kwa huzuni kubwa. "Hata wewe, damu yangu?"

Eudoro akamshika mkono, akakibeba kiti kwa mkono mwingine, wakatembea polepole hadi langoni, watoto wa timu zote mbili wakiwapigia makofi. Akakiweka kiti hatua mbili nje ya lango, palipo na kivuli kidogo, mahali ambapo uwanja wote ulionekana sawasawa. Mzee akaketi, akajipangusa jasho, akajipa starehe. Eudoro hakuwa amefika hata nusu ya njia ya kurudi aliposikia sauti ya baba yake nyuma yake, ikimwambia mwamuzi kwamba hata kutoka hapa, nje kabisa, yeye anauona mpira vizuri kuliko mwamuzi mwenyewe.